Pikipiki ya Juu ya Baba

Petroli ikichanganywa na mafuta ya injini ina harufu tamu kidogo, inayokwenda moja kwa moja nyuma ya koo. Hapa Bukavu ninapoishi, vijana wanaopasua mbao kwa msumeno wa injini bado wanaichanganya hivyo ndani ya chupa za maji, na kila wanapopita chini ya dirisha langu nasimamisha kazi niliyo nayo. Mume wangu ananiuliza kuna nini. Namjibu hakuna. Ni uongo wa miaka mingi na leo nimechoka nao, kwa hiyo kaeni niwaambie ninyi kwanza, yeye atafuata.

Baba yangu alikuwa fundi wa pikipiki mjini Kasongo. Fundi Ramazani, ukiuliza sokoni walikuonyesha kibanda chake kwa kidevu tu, bila kuacha kupima mchele. Mimi naitwa Zaina, jina la mama yake, na kwa sababu hiyo baba hakunitaja kwa jina hata siku moja. Aliniita Mama mudogo. Kwetu mtoto aliyebeba jina la bibi yake hapigwi ovyoovyo, na mimi, sitawaficha, niliitumia haki hiyo vibaya sana.

Mama yangu, Feza, alikuwa mtu wa Kabambare, wa kabila la Wabangubangu. Kwao mwanamke akikaribia kujifungua anarudi kwa mama yake. Nilikuwa na miaka minane aliporudi, tumbo mbele, akaniachia kitenge chake kimoja nilalie. Huko mtoto akakataa kutoka. Nesi akasema apelekwe Kasongo, kwenye hospitali kubwa. Wakampakiza kwenye pikipiki, dereva mbele, mjomba wangu nyuma akimshika asianguke, wakaingia ile njia katikati ya masika. Wanaoijua wanaijua. Kwa wengine niseme tu kwamba wakati wa mvua, njia ya Kabambare inakufanya ubebe pikipiki kuliko pikipiki inavyokubeba wewe. Baba na mimi tulisubiri mlangoni pa hospitali siku ya kwanza, na ya pili. Ya tatu asubuhi mjomba alifika peke yake, kwa miguu, matope mpaka kifuani, akasema, "Feza amebaki njiani." Mtoto alibaki naye.

Sikumwona baba akilia. Alifunga kibanda siku arobaini, na alipokifungua alikuwa mtu wa maneno machache. Mteja akimwuliza hali, alijibu, "Ile njia, nikiwa muzima, haitakula mutu mwingine." Watu waliitikia amina wakidhani ni uchungu tu unaosema. Mimi pia nilidhani hivyo.

Mwaka uliofuata aliitwa Salamabila kutengeneza jenereta za wachimbaji wa dhahabu. Huko akakutana na mzungu aliyekuwa akipima mawe, mtu mrefu aliyeungua pua, ambaye alikuwa ameagiza kutoka kwao ndege ya vipande. Nasema vipande, kwa kweli. Ilifika ndani ya masanduku, na kitabu cha kukueleza bulon, yaani bolti, ipi iingie tundu lipi, ukaifunga mwenyewe nyuma ya nyumba yako. Inaitwa otojiri. Inafanana na helikopta iliyonyimwa chakula: vyuma vichache, magurudumu matatu, viti viwili kimoja nyuma ya kingine, injini mgongoni, ya kunywa petroli iliyochanganywa na mafuta, na juu ya kichwa mapanga mawili marefu. Injini haiyazungushi yale mapanga. Injini inasukuma tu kwenda mbele, na upepo wenyewe, ukipita chini yake, unayazungusha na kuyainua. Baba alinieleza kwa maneno yake: "Elikopta inapiga upepo. Hii inaomba upepo." Injini ikizima angani, alisema, mapanga yanaendelea kuzunguka na unashuka polepole kama zile mbegu zenye bawa tunazorusha juu tukicheza. Mbegu hizo nilizijua. Nikatulia.

Kilichomshangaza baba kuliko yote ni kwamba kwa wenzetu huko watu wanajifungia vyombo hivi kwa raha zao. "Jumapili wanapanda, wanazunguka, wanarudi pale pale walitoka," alitusimulia, akicheka kwa mara ya kwanza tangu msiba. "Hawaendi hata fasi moja! Halafu wanashuka, wanakunywa." Bibi Zaina, mama yake baba, akasema kwamba mtu mwenye barabara nzuri anaweza kufanya upuuzi wowote.

Yule mzungu na baba walianza kuifunga pamoja. Mzungu alimfundisha, kwa maneno na michoro, jinsi ya kuikimbiza chini, mapanga yakizunguka, pua ikiinuka kidogo bila magurudumu kuacha ardhi. Kisha milio ya bunduki ikasogea karibu na Salamabila, mzungu akaondoka na begi moja, na masanduku akamwachia baba. "Umalizie wewe," alimwambia. Basi.

Baba mudogo Shabani, mdogo wake baba, ndiye aliyekwenda kusaidia kuyaleta masanduku Kasongo. Mengine yalifungwa kwenye pikipiki, lakini sanduku la mapanga lilikuwa refu kupita nyumba yetu, na ilibidi wanaume wanne walibebe mabegani kwa miguu. Katika kila kijiji wanawake walitoka, wakaona sanduku lile, wakaanza kilio. Walidhani ni jeneza, na la mtu mrefu ajabu. Mwanzoni baba mudogo alijaribu kuwaeleza. Baadaye, njaa ilipowazidi, waliwaacha walie, maana wenye kulia walileta pia ugali na sombe, majani ya mihogo yaliyopikwa. Tulicheka hadithi hiyo mwaka mzima, na tulikosea kuicheka.

Mwaka mzima ndio muda tuliotumia kuifunga. Ilisimama nyuma ya kibanda, chini ya hema la buluu, na watu wa mtaa wakaipa jina: pikipiki ya juu. Kitabu chake kilikuwa cha Kifaransa, na Kifaransa cha baba kilianzia kwenye kabureta kikaishia kwenye mnyororo. Mimi nilikuwa darasa la tano, wa kwanza katika kusoma, na majivuno yangu mnaweza kuyapima wenyewe. Kila alasiri nikitoka shule nilikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, kitabu mapajani, nikimsomea na kumgeuzia katika Kiswahili chetu, naye akifunga. Neno nisilolijua nililibuni kwa sauti ya juu. Alikuwa ananigundua mara moja. "Mama mudogo," alisema bila kuinua macho, "hapo umesoma ao umetunga?"

Kitabu kilisema bulon ikishakazwa itiwe alama ya rangi, ili ikilegea uone alama imekatika. Rangi hatukuwa nayo. Baba akaingia ndani, akatoka na chupa ndogo ya rangi ya kucha ya mama, nyekundu, iliyobaki nusu. Kila bulon ya chombo kile ilipakwa rangi ya kucha za mama yangu, moja moja, na nilipewa mimi brashi. Ilikwisha tukiwa tumebakiza bulon tano, na tano hizo alizipaka rangi ya pikipiki aliyokwenda kuomba sokoni. Siku ile tulifunga kazi mapema.

Kiti cha nyuma alikihangaikia kuliko injini. Alikitoa, akakilaza zaidi, akashona mkanda mpana wa turubai badala ya ule mwembamba uliokuja nao. Kisha alimwomba jirani yetu Mama Kalunga, aliyekuwa na mimba ya miezi minane, akae ajaribu. Mama Kalunga akakaa, akajinyoosha, akasema hata mumewe hajawahi kumkalisha vizuri hivyo. Baba alipima kwa kamba kutoka tumbo lake mpaka mgongo wa kiti cha mbele, akafunga fundo kwenye kamba, akaitia mfukoni. Hapo ndipo nilipojua kwamba hakuwa akitengeneza ndege ya kwenda kutembea. Alikuwa akimfuata mama, akiwa amechelewa mwaka na nusu.

Sura ya nne ilikuwa ya mapanga. Niliisoma mara mbili kwa sababu baba aliniambia nirudie. Mapanga haya mawili yamepimwa pamoja kiwandani, kitabu kilisema, ni mapacha. Usiyatenganishe. Usipake moja rangi ukaacha lingine. Usiongeze kitu chochote. Sababu zilikuwa kwenye ukurasa uliofuata, lakini baba aliuruka, akasema hizo anazijua. Baba alitii kuliko alivyotii muadhini. Kuku wa Bibi alipojisaidia juu ya panga moja, baba aliliosha, kisha akaliosha na la pili, ambalo lilikuwa safi kabisa. "Mapacha," aliniambia, "ukimuogesha moja, mwenzake atanuna."

Sasa niwaeleze kuhusu Bibi Zaina. Alikuwa mshona hirizi. Maalimu ndiye aliyeandika karatasi na kuisomea, lakini ngozi ilishonwa na Bibi, na hapakuwa na mtoto mchanga katika mtaa wetu wa Waislamu ambaye hakuvalishwa kazi ya mkono wake. Hata akina mama wa misheni walikuja, kwa mlango wa nyuma. Akimvisha mtoto, na mama yake akilalamika kwamba uzi utamkaba, Bibi alisema, "Dua haina muzigo." Aliyasema maneno hayo pia kwa mgonjwa, kwa msafiri, kwangu mimi nikienda mtihani. Nilikua nikiyajua kama nilivyojua kwamba maji hayana rangi.

Mambo yalienda vizuri, na hili ndilo linaloniuma. Kwenye uwanja wa ndege wa Kasongo, ambao ndege zenyewe zinautembelea mara moja moja, baba aliikimbiza kwa wiki nyingi. Shefu wa uwanja alikuja na daftari akauliza, "Hii iko pikipiki ao iko avion? Nitaiandika wapi?" Baba akamjibu, "Leo andika pikipiki. Siku nitaacha chini, utafuta, uandike avion." Akaanza kuruka urefu wa goti. Akaruka urefu wa mlango. Aliinuka, akakaa hewani muda wa kuhesabu kumi, akashuka. Usukani ulitulia mkononi mwake. Alisema unaweza kuushika kwa vidole viwili. Kisha akatangaza kwamba Jumamosi atapanda juu kabisa, azunguke mji mara moja, ashuke. Na mvua zikianza, ataanza kazi.

Mji wote ulifurahi isipokuwa mimi. Nilikuwa nimefikisha miaka kumi. Wakati ilipokuwa ya vipande niliipenda. Sasa ilikuwa nzima, na niliona wazi kwamba baba atapanda ndani yake na mimi nitabaki chini. Nilikuwa nimeshamsubiri mtu mmoja mlangoni pa hospitali. Usiku niliota mjomba anakuja na matope kifuani, na nilipoamka sikumwambia mtu. Nilimwambia Bibi tu kwamba naogopa. Bibi hakuniuliza naogopa nini. Alishona hirizi, ya ngozi nyeusi, nene, kubwa kuliko za watoto, na katikati aliweka kipande kidogo cha risasi, yale madini mazito, pamoja na karatasi, kama walivyofanya wazee kwa wasafiri wa mbali. Akanipa. "Mupelekee baba yako, avae shingoni. Wewe hatakukatalia."

Alinikatalia. Ilikuwa Ijumaa, alikuwa akijiandaa kwenda kuswali alasiri, na aliishika hirizi ile kwa mikono miwili, kwa heshima, akaibusu, akanirudishia. "Mama mudogo, wewe mwenyewe ulinisomea. Kitu ya kuning'inia hapana." Ilikuwa kweli. Kitabu kilisema rubani asivae skafu wala mnyororo wala chochote kinachoweza kuvutwa na upepo kikaingia kwenye propela inayozunguka mgongoni. "Murudishie Bibi, umuambie nimeshukuru. Dua yake nitabeba kwa roho." Akaenda msikitini.

Nilibaki peke yangu na ile hirizi na lile hema la buluu. Nilifikiri kama mtoto anayesoma vizuri anavyofikiri. Isining'inie: basi iwe ndani ya kitu. Iwe karibu na upepo, maana upepo ndio unaoombwa. Mwisho wa kila panga palikuwa na kifuniko cheusi chenye skurubu mbili ndogo, na panga lenyewe lilikuwa wazi ndani. Nilikumbuka sura ya nne. Msiseme sikuikumbuka, niliikumbuka neno kwa neno, usiongeze kitu chochote. Lakini hirizi haikuwa kitu. Hirizi ilikuwa dua, na dua haina mzigo. Nilichukua bisibisi, nikafungua kifuniko cha panga lililokuwa karibu, nikaisukuma hirizi ndani, nikaikaza kwa kipande cha kitenge cha mama isigongegonge, nikafunga skurubu. Nilikuwa fundi, binti wa fundi. Baba aliporudi kutoka msikitini alinikuta nafagia, akanisifu.

Jumamosi asubuhi umande ulikuwa bado kwenye majani ya uwanja. Watu walijaa mpaka kwenye mashamba ya mihogo. Kabla ya kila safari tulikuwa na kawaida yetu, mimi na baba: nilisimama na kitabu, nikasoma orodha kwa sauti, kitu kimoja kimoja, naye akakigusa kwa mkono na kuitikia. Magurudumu? "Iko." Mafuta? "Iko." Bulon ya kichwa? "Iko." Nikafika kwenye vifuniko vya ncha za mapanga. Nilisoma. Baba akanyoosha mkono, akashika cha kwanza, akapita upande wa pili, akashika cha pili, kile changu, akakizungusha kidogo kwa kidole gumba kuona kama kimekaza. "Iko," akasema. Moyo wangu ulijaa furaha. Ilikuwa kama Mungu mwenyewe ameitikia.

Tukayasukuma mapanga kwa mkono, yeye upande huu na mimi ule, mpaka yakaanza kuzunguka. Akapanda, akafunga mkanda. Aliniambia nirudi nyuma, nikarudi kwa baba mudogo Shabani, aliyenishika bega. Injini ikanguruma, chombo kikaanza kukimbia, na mapanga yalipoongeza kasi nikaona kitu ambacho sikuwahi kukiona wiki zote zile: chombo chote kilitetemeka. Kilitetemeka kama mtu mwenye homa. Mabega ya baba yalikuwa yanarushwa huku na huku. Baba mudogo akasema kwa sauti ndogo, "Aache. Kaka, acha." Na mimi, nitawaambia nilichokifikiri, nilifikiri ni dua inafanya kazi. Nilidhani nguvu yake ndiyo inayotikisa vyuma. Nilitabasamu.

Baadaye watu waliokuwa karibu walisema alikata injini, alitaka kuacha, lakini upepo ukaja kutoka mbele na kumwinua akiwa hajataka. Alifika urefu wa mchikichi mmoja. Pale juu chombo kikatikisika mara tatu hivi, kikalala ubavu, kikaanguka. Mapanga yalipiga ardhi yakapasuka, na vipande vikaruka mpaka kwenye mihogo.

Hakufa pale. Baba mudogo alifika kwanza, mimi sikuruhusiwa. Waliniambia alikuwa macho, na kwamba kabla ya kukubali kuinuliwa alimtuma baba mudogo amletee ncha za mapanga, zote mbili, azione. Watu walitikisa vichwa, wakasema angalia fundi, hata anakufa anakagua kazi. Wakambeba hospitali, hospitali ile ile, mlango ule ule.

Aliishi siku mbili. Wazee wa mtaa walikuja wakamwuliza nini kilitokea, na aliwaambia wote jibu moja, kwa sauti iliyokuwa inakatika kwa sababu mbavu zilikuwa zimeingia ndani. "Nilikaza mubaya. Kosa iko ya fundi." Yeye, ambaye kwa miaka ishirini hakuna mteja aliyemrudishia kazi. Jumapili jioni waliniruhusu niingie. Nilikuwa nimebeba kile kitabu, sijui kwa nini, labda nilidhani kuna ukurasa wa kumtengeneza yeye. Alikiangalia kitabu, akaniangalia mimi muda mrefu. Akapumua mara moja, akangoja, akapumua tena.

"Mama mudogo," akasema, "usisome tena kile kitabu. Hata kurasa moja. Mupatie baba yako mudogo."

Ndiyo maneno yake ya mwisho kwangu. Nilimpa baba mudogo Shabani kitabu, na jioni ile ile, nikiwa nimesimama hapo, alikichoma nyuma ya jiko la hospitali. Baba alikufa alfajiri ya Jumatatu.

Nilikuwa nimetegemea neno lingine, kwa kweli. Nilitegemea aseme ninampenda, au soma kwa bidii, au hata mutunze bibi yako. Kusoma ndiko kulikokuwa kitu changu na chake, na alikitumia kifo chake kunipokonya. Nilielewa kwamba amenilaumu: nilisoma vibaya mahali fulani, nilitunga neno, akakaza bulon kwa neno la kutungwa. Nilimkasirikia. Wengine walimlilia kwa sauti, mimi nilikaa kimya kimya nimenuna, na watu wakasema mtoto huyu ana moyo mgumu.

Baada ya arobaini Bibi aliniuliza swali moja tu. Alikuwa anachambua maharage. "Aliivaa?" Nilisema aliivaa. Niliona ni jibu la wema. Bibi aliendelea kuchambua mpaka maharage yakaisha, na tangu siku ile hakushona tena. Wanawake walikuja na watoto wao, akawaambia macho yamechoka. Macho yake yalikuwa mazima. Aliendelea kuokota punje za mchele gizani mpaka mwaka aliokufa.

Nilitoka Kasongo, nikasoma, nikaolewa Bukavu. Nyumbani nilirudi mara mbili, na mara zote mbili sikwenda makaburini. Barabara ya Kabambare iko vile vile, mnaweza kuwauliza wanaojifungua.

Kisha mwaka huu, mwezi mmoja uliopita, gari la mume wangu likaanza kutetemeka usukani. Nililipeleka mimi kwa fundi. Kijana yule alitoa gurudumu, akalipachika kwenye mashine inayolizungusha, na mashine ikaonyesha mahali. Akachukua kipande cha risasi, kidogo, kama kucha ya kidole cha mwisho, akakibandika ukingoni. Nikamwuliza kwa dharau kidogo kama kitu kama kile kinaweza kufanya lolote kwa gari zima. "Mama," akaniambia, "kwa kuzunguka hakuna kitu kidogo. Weka hii upande mmoja tu, mwendo ukiwa mkubwa inageuka nyundo."

Nilikaa chini, pale pale, juu ya tairi. Alidhani ni jua, akaniletea maji.

Nyumbani nilimpigia baba mudogo Shabani, ambaye sasa ni mzee na masikio yamepungua. Nilimwuliza zile ncha za mapanga alizompelekea baba, ndani yake alikuta nini. Hakunijibu nilichouliza. Alisema, "Zaina, ulikuwa na miaka kumi. Ramazani alinirudilia ile mara tatu, pale kitandani. Ana miaka kumi, Shabani. Ana miaka kumi. Ule ukurasa wa sababu asiuone mpaka awe mukubwa." Kisha akaniuliza kama watoto wangu ni wazima.

Nimejaribu tangu siku hiyo kuhesabu. Mbavu zimeingia ndani, kila neno lilimgharimu pumzi moja, na daktari alikuwa amemkataza kusema. Aliwaambia wazee kosa ni la fundi, ili mji wote umcheke yeye, usiniangalie mimi. Akaniambia mimi nisisome, nisije nikajua nilichokifanya, akijua nitalia, akijua labda nitamchukia, na akakubali nimchukie. Zilimbakia pumzi chache, na hakuna hata moja aliyoitumia kwa ajili yake.